Alama zisizo na wa Kuzijibu: Juu ya kazi za Ana Mendieta

Ana Mendieta alikuwa mchoraji aliyeacha kuchora. Alijifunza kazi ya rangi na kitambaa katika Chuo Kikuu cha Iowa, huko Marekani, akapata hati yake ya uchoraji mwaka 1972. Na mwaka uleule akaweka brashi chini, kwani picha za kuchorwa hazikuwa na nguvu aliyoitafuta. Tangu siku zile hata kufa kwake, mwaka 1985, rangi zake zilikuwa udongo, damu ya wanyama, maua, majani, mawe, baruti, maji na moto. Kitambaa chake kilikuwa mwili wake mwenyewe, na baadaye, mwili ulipoondolewa, alama yake katika nchi. Na kamera ilikuwa karibu daima. Tukiulizwa basi, huyu ni mchongaji, au mwenye kutenda mbele ya watu, au mtengenezaji wa sinema, jibu ni kwamba alikuwa hayo yote pamoja, wala kazi zake hazieleweki zikitengwa. Idara aliyosoma, chini ya mwalimu wake Hans Breder, ilianzishwa mwaka 1968 kwa kusudi hilohilo, la kuondoa kuta kati ya sanaa na sanaa.

Pengine msomaji atauliza: mambo haya yana maana gani kwa waseminari na makatekista? Simleti huyu mama hapa kama mfano wa utakatifu; juu ya roho yake hatuna ruhusa ya kuhukumu. Namleta kwa sababu alishika mikononi vitu vyetu: mshumaa, majivu, damu, kaburi, mikono iliyoinuliwa, tundu la ukutani ambamo sanamu ya mtakatifu husimama. Sisi twavishika kila siku, na mara nyingi twavishika kwa haraka. Yeye alivishika polepole. Yatupasa tuangalie alichopata kwavyo na alichokikosa.

Kuna jambo la kwanza ambalo laigusa Eklezya moja kwa moja. Ana alizaliwa Havana, katika Kuba, tarehe 18 Novemba 1948, katika jamaa kubwa ya Wakatoliki yenye jina katika siasa. Kisha mapinduzi ya Fidel Castro yakaja, na wazazi wengi wakashikwa na hofu kwamba serikali itawachukua watoto wao na kuwalea katika ukomunisti. Hapo ofisi ya msaada ya Wakatoliki katika mji wa Miami, chini ya padri mmoja mzaliwa wa Irlandi, Bryan Walsh, ilifungua njia ya kuwapokea watoto peke yao, bila wazazi. Tangu Desemba 1960 mpaka Oktoba 1962 watoto zaidi ya 14,000 walivuka bahari kwa ndege namna hii. Ana alivuka Septemba 1961 pamoja na dada yake mkubwa, Raquelín. Alikuwa na miaka 12. Walipelekwa mbali sana kaskazini, Iowa, nchi ya theluji na mashamba ya mahindi, wakaishi mara katika nyumba ya yatima, mara katika jamaa za watu wasiowajua. Mama yao alifika mwaka 1966. Baba yao alikuwa amefungwa kwa sababu ya siasa, wakaonana naye tena mwaka 1979 tu.

Sisemi kwamba Padri Walsh alikosa. Wazazi wenyewe waliomba, na watoto wengi wa safari ile wamemshukuru maisha yao yote. Lakini mhakiki asiyetaja jambo hili hawezi kueleza kwa nini mwanamke huyu alikaa miaka zaidi ya kumi akilala juu ya nchi ngeni na kuiachia umbo lake, kama mtu anayejaribu kitanda kisicho chake. Yeye mwenyewe alieleza mara nyingi kwamba kazi zake zilitoka katika kung'olewa kule. Aliokolewa, na pia aling'olewa. Mambo hayo mawili yalifanywa na mikono ileile yenye mapendo. Wale kati yetu wanaoshughulika na watoto wa vita katika Kivu na Ituri wanajua jambo hili kuliko mimi.

Tuingie sasa katika kazi zenyewe. Mwaka 1973 mwanafunzi mmoja wa uuguzi alibakwa na kuuawa ndani ya chuo kikuu kilekile cha Iowa. Ana alifanya kazi kadhaa juu ya jambo lile, na nyingine ni kali mno. Wala siwezi kushauri zionyeshwe katika semineri ndogo. Ila ipo filme moja ya mwaka huo ambayo kila padri angepaswa kuiona. Mbele ya mlango wa jengo liitwalo Moffitt, kando ya barabara, alimwaga damu ya mnyama pamoja na vipande vya nyama, ikawa kama imetiririka kutoka chini ya mlango. Kisha yeye na dada yake wakakaa ndani ya motokari iliyosimama upande wa pili, wakatazama wapita njia na kuwapiga picha. Filme ni hiyo tu. Watu wanapita. Wengine wanaangalia chini, wanapunguza mwendo, halafu wanaendelea. Mmoja anaigusa damu kwa ncha ya mwavuli wake. Hakuna anayegonga mlango. Mwishowe anatoka mtu, anakusanya vile vitu katika boksi na kusafisha pahali pale.

Mara ngapi tumehubiri juu ya Msamaria mwema? Twamsema padri na Mlawi waliopita upande wa pili, na wakristu wanatikisa vichwa, kwa kuwa kila mmoja anajihesabu kuwa Msamaria. Katika filme hii hakuna Msamaria hata mmoja. Hata yule wa mwishoni anasafisha, haulizi. Ubora wa kazi hii ni kwamba haihubiri. Kamera haiwakaribii wale watu, haina sauti, haiwacheki. Inawaacha wapite, mpaka mtazamaji anaanza kuhesabu hatua zao na kujiuliza hatua zake mwenyewe zingekuwaje.

Zaidi ya kazi mia moja za sinema zimehesabiwa katika mali aliyoiacha; hesabu ya wenye kuzitunza ni 104. Karibu zote ni fupi, za kanda ndogo ya Super-8, bila sauti, na nyingi hazipiti dakika tatu na kidogo, yaani urefu wa kanda moja. Kanda ilipokwisha, kazi nayo ilikwisha. Katika maisha yake ni chache sana zilizoonekana na watu. Baada ya kufa kwake zilitunzwa na kunakiliwa upya, na mwaka 2018 zilionyeshwa Paris katika nyumba ya Jeu de Paume, kwa hiyo wasomaji wetu walio masomoni Ulaya waliweza kuziona. Hapo ndipo wengi walipofahamu kwamba foto zake, zilizojulikana sana, zilikuwa nusu tu ya habari.

Na kweli, tofauti ni kubwa. Chukua kazi ya mwaka 1974 iliyofanywa Yágul, katika magofu ya Wazapoteki huko Oaxaca, Meksiko. Foto ingeonyesha lundo la mawe, basi. Katika filme twaona lundo la mawe kwanza. Halafu, baada ya muda, jiwe moja latikisika. Chini yake kuna mtu anayepumua. Pumzi yaongezeka, mawe yaanza kuteleza kwa kuvingirika moja moja, mpaka kifua na mwili vinatokea katikati yao. Katika kazi nyingine ya mwaka uleule twaona uwanja wa majani tu, na majani yale yanapanda na kushuka: mtu yuko chini ya udongo na anavuta pumzi. Hakuna hila ya fundi wa sinema hapa. Ni pumzi, na uzito unaokaa juu ya pumzi. Nimezisoma hotuba nyingi za kiteolojia juu ya ufufuko wa mwili. Ni chache zilizonifanya nisikie uzito wa jiwe.

Ndiyo, katika nyingi za kazi hizi yuko uchi. Jambo hili lisemwe wazi, maana wengine watalishika hilo tu na kutupa yote. Eklezya haikuogopa mwili ulio uchi katika picha za Adamu na Eva, wala juu ya msalaba. Swali halali ni hili: mwili huu unamwita mtazamaji kwa tamaa, au kwa jambo lingine? Mwili ulio chini ya mawe, au uliofunikwa kwa matope na kusimama umeegemea shina la mti mikono juu, kama katika kazi ya mwaka 1976 iitwayo Mti wa Uzima, haumwiti mtu kwa tamaa. Unakaribia kuwa udongo. Mwalimu mwenye busara atajua amwonyeshe nani na lini. Kukataza kabisa kungekuwa uvivu.

Toka mwaka 1973 mpaka 1980 alifanya, katika Iowa na Meksiko, mfululizo mrefu alioupa jina la Kihispania Silueta, yaani mstari wa umbo, kama kivuli kinavyochora mtu. Mwanzoni mwili wake ulikuwamo: katika kaburi la kale la Yágul alilala, akafunikwa kwa maua meupe kana kwamba yameota katika nyama yake. Polepole mwili ukaondoka, ukabaki mfano wake: shimo la kipimo chake katika mchanga, ambamo alitia rangi nyekundu na kuacha mawimbi yalifute, umbo la theluji, la matope, la maua yanayochukuliwa na maji, umbo lililochorwa kwa baruti na kuwashwa. Kwa maoni yangu haya ya bila mwili yashinda yale ya kwanza. Mahali mtu alipolala na kuondoka yasema zaidi kuliko mtu aliyelala. Lakini zile za moto hazinigusi sawasawa. Kuna moja ya mwaka 1976, umbo la fito na fataki ambalo lilitengenezwa kwa msaada wa fundi wa fataki wa Oaxaca, nalo linawaka usiku na kuzimika. Ni zuri kutazama, kama fataki zote. Likishazimika, halikuachi na kazi ya kufanya.

Kazi inayotuhusu kuliko zote iko Cuilapán, karibu na mji wa Oaxaca. Huko Wadominikani walianza katika karne ya 16 monasteri kubwa na basilika ambayo haikupata kumalizika. Kuta zasimama bila paa mpaka leo. Katika kuta mna matundu ya sanamu, matupu. Kati ya miaka 1973 na 1976 Ana alikwenda huko, akaweka umbo lake katika tundu tupu, akapiga foto. Wengine wameona hapo dharau kwa watakatifu. Mimi naona neno gumu zaidi. Pahali pa mtakatifu palikuwa patupu kabla yake; hakumwondoa mtu. Mtoto aliyelelewa kati ya sanamu alirudi katika nyumba ya sanamu, hakukuta mtu, akasimamisha pale kitu pekee alichokuwa nacho, yaani mstari wa mwili wake.

Hapo ndipo naona ukomo wa sanaa yake. Alikuwa na alama karibu zote za liturjia, ila hakuwa na mkutano. Mshumaa wetu wa Pasaka unawashwa, na watu wanajibu. Majivu yanapakwa juu ya paji la uso na mkono wa mtu mwingine. Hakuna anayejipaka majivu peke yake porini na kuita tendo lile Jumatano ya Majivu. Ana alitenda karibu daima peke yake, au na rafiki mmoja mwenye kushika kamera, na wa kujibu alikuwa kanda ya filme. Alipotenda mbele ya watu, jambo hilo linaonekana wazi. Mwaka 1974 alipiga filme fupi: anasimama akielekea ukuta, mikono juu imejaa damu, anaishusha polepole mpaka magoti, na mistari miwili myekundu inabaki ukutani. Mwaka 1982 alilirudia tendo hilo New York, mbele ya watazamaji, juu ya makaratasi makubwa, na muziki wa Kuba ukipigwa. Tendo ni lilelile. Lakini watazamaji wanatazama, hawajibu. Hawana neno la kujibu, kwani hawakupewa.

Sasa kuna jambo linalotugusa sisi Wakongomani. Katika Kuba watumwa waliotoka Kongo walileta desturi zao, na mpaka leo wenye kufuata dini iitwayo Palo Monte wanatamka nganga na Nsambi. Neno nganga ni ndugu ya mganga wetu. Huko maana yake imehama, sasa ni chungu chenyewe cha nguvu, si mtu. Ana alizijua habari hizi zaidi kwa vitabu vya Lydia Cabrera, ambaye alichapisha mwaka 1954 kitabu kikubwa kiitwacho El Monte. Baruti, kwa mfano, hutumiwa katika ibada za Palo, naye akaitumia katika maumbo yake. Mwaka 1976, New York, alipanga mishumaa myeusi 47 sakafuni kwa kufuata umbo lake, ikayeyuka, akaipa kazi ile jina la Mazishi ya Ñáñigo. Ñáñigo ni mtu wa chama cha Abakuá, kilichotoka nchi ya Calabar; ni chama cha wanaume, chenye siri, mwanamke haingizwi. Mwaka 1981, Miami, alibandika nywele za watu juu ya mti wa msufi wa Kikuba, ule waitwao ceiba, akaiita kazi ile kwa neno fetishi.

Neno hilo sisi twalijua. Walituitia nalo babu zetu. Ndiyo sababu sitaki kulipita kimya. Mtu ambaye hakuingizwa, asiye na wazee wa kumwuliza, anachukua alama ya kundi fulani na kuipa jina la kundi fulani katika nyumba ya maonyesho ya New York: hata kama moyo wake una uchungu wa kweli, alama inakuwa nyepesi mkononi mwake. Ninyi mwajua ginsi jambo hili lilivyokuwa gumu kwetu. Misale yetu ya kiroma kwa majimbo ya Zaire, ambamo wakubwa wetu waliotutangulia wanatajwa, ilikubaliwa na Roma mwaka 1988, baada ya maaskofu na wanateolojia kuifanyia kazi miaka mingi, pamoja na parokia zilizoijaribu, zikaimba, zikasahihisha. Alama hubebwa na wengi, au haibebwi. Sisemi kwamba Ana aliiba. Alikuwa mtu mwenye njaa aliyekula kwenye meza ya jirani, kwa sababu meza ya nyumbani ilikuwa mbali, ng'ambo ya bahari.

Lingine lisichanganywe na hilo. Wengine watasema aliabudu ardhi. Ni kweli kwamba alizungumza juu ya mungu wa kike, na kwamba mwaka 1981, aliporuhusiwa kufanya kazi katika Kuba, alichonga katika mapango ya chokaa ya Jaruco, karibu na Havana, maumbo yenye majina ya miungu ya kike ya Wataino, taifa la kwanza la kisiwa kile. Mkristo hawezi kumfuata huko. Ardhi ni kiumbe. Lakini Mtakatifu Fransisko wa Asizi aliita ardhi dada na mama katika sala, na marehemu Papa Fransisko alianza barua yake ya mwaka 2015, Laudato si', kwa kumkumbuka. Kati ya neno hilo na kosa kuna mpaka mwembamba, wala haulindwi kwa kelele. Walinzi wazuri ni wale wanaoweza kusema kwa nini udongo ulistahili kushikwa na Mungu mwenyewe alipomwumba mtu.

Juu ya kufa kwake nitasema machache. Tarehe 8 Septemba 1985 alianguka kutoka nyumba ya ghorofa ya 34, New York. Mumewe, mchongaji Carl Andre, alishtakiwa kwa mauaji, na mwaka 1988 hakimu akamwachilia. Yeye naye alikufa mwaka 2024. Tangu siku ile waandishi wengi wanasoma kila umbo la Ana kama unabii wa kifo chake. Njia hiyo ni mbaya. Mwanamke aliyekuwa na miaka 36, aliyepata zawadi ya kukaa Roma mwaka 1983, aliyeanza huko kutengeneza maumbo ya mchanga na udongo ya kubaki ndani ya nyumba na kuchoma magogo kwa baruti, hakuwa akiandika wosia. Alikuwa akibadili kazi. Mhakiki asimwibie hata hilo.

Kabla ya Roma alikuwa amepiga kanda moja ambayo naitaja mwisho, kwa sababu ina sauti, jambo la nadra kwake. Ni ya mwaka 1981, pwani ya Key Biscayne, Florida. Kusini, ng'ambo ya maji, ndipo Kuba. Katika mchanga wa maji machache amechora pande mbili za umbo, kichwani na miguuni akaacha wazi, na maji yanapita katikati. Jina lake ni Ochún, ambaye Wakuba wengi humchanganya na Bikira Maria wa Mapendo wa El Cobre, msimamizi wa nchi yao. Sikukuu ya Bikira huyo ni tarehe 8 Septemba. Sikusudii kujenga kitu juu ya tarehe hiyo. Natazama tu kwamba katika kazi hii hakuna baruti, hakuna jina la chama cha siri, hakuna damu. Kuna maji yanayoingia upande mmoja na kutoka upande mwingine, na sauti yake.

Mwalimu atakayepata nafasi ya kuonyesha moja tu darasani, katika somo la liturjia au la sakramenti, aonyeshe ile ya mawe ya Yágul. Inachukua dakika tatu na kidogo. Asitangulize maelezo, na ikiisha aache kimya kidogo kabla ya mwanafunzi wa kwanza kuuliza.